Kuondoa Rangi ya Ndevu na Nywele Nyumbani

Katika mas'ala yanayoulizwa sana na wanaume wa pwani yetu siku hizi ni hili la rangi za ndevu. Mtu huona mvi zimeenea, naye ana arusi ya mwanawe wiki ijayo. Huenda dukani akanunua kichupa, akajipaka usiku, na asubuhi akaamka na ndevu nyeusi tititi kama za kijana wa miaka ishirini, ilhali uso ni ule ule wa babu. Akifika msikitini, huyu humwambia, "Bwana, udhu wako hausihi," na yule humwambia, "Chukua jiki utie maji, ujioshe, itatoka." Neno la kwanza, kwa vile lisemwavyo bila ya kupambanua, si sahihi, nalo limewatia watu wengi katika wasiwasi wa sala zao. Na neno la pili limewachubua watu nyuso. Twataka kuyaeleza yote mawili.

Kwanza udhu. Fahamu ewe ndugu kwamba wanavyuoni wetu wa madhehebu ya Shafii wamepambanua baina ya vitu viwili: kitu chenye mwili, kama nta, unga uliokandwa, au hina yenyewe iliyoganda, na rangi tupu iliyobaki baada ya kile kitu kuondoka. Chenye mwili huzuia maji yasifike kwenye kiungo, na udhu hausihi wala josho halisihi mpaka kiondolewe. Ama rangi tupu haizuii maji. Imam Nawawi ameyataja haya waziwazi katika Al-Majmuu, na mfano wake ni hina hiyo hiyo tuijuayo. Basi rangi iliyozama ndani ya unywele, ukiugusa ukauona ni unywele tu, hukumu yake ni ya rangi ya hina iliyokwisha kuoshwa. Aliyesali nayo asijisumbue kulipa sala kwa ajili ya hilo.

Lakini ziko rangi nyengine ambazo kwa hakika ni mpako. Zauzwa kama wanja wa kijiti, au kama mafuta mazito, au za kupulizia, nazo huuvika unywele ngozi ya juu. Kuzijua si kazi: sugua ndevu kwa kitambaa cheupe chenye maji, kisha kwangua kidogo kwa ukucha. Kikitoka kitu kama vumbi au vipande vidogo, huo ni mwili. Alhamdulillahi, hizi ndizo nyepesi kuliko zote kuondoka, kwani hutoka kwa sabuni na maji mara moja. Na mwenye janaba azidi kuangalia, kwa kuwa katika udhu ndevu nzito huoshwa juu yake, lakini katika josho la janaba maji yapasa yafike mpaka kwenye mashina na ngozi, ziwe ndevu nyepesi au nzito.

Hayo ni ya udhu. Kuitia rangi nyeusi yenyewe ni mas'ala mengine, wala yasichanganywe na haya. Imepokewa katika Sahih Muslim, kwa Jabir bin Abdillah, kwamba Abu Quhafa, baba yake Sayyidna Abubakar, aliletwa mbele ya Mtume s.a.w. siku ya kufunguliwa Makka, katika mwaka wa 8 wa Hijra, kichwa na ndevu zake zimekuwa nyeupe mno. Mtume akaamrisha weupe ule ubadilishwe, na weusi uepukwe. Kwa hadithi hii Imam Nawawi alisema kuwa weusi ni haramu, na wengine katika wanavyuoni wakasema ni makruhu. Hina na katam zimesifiwa. Kwa hivyo wengi wanaotaka kuondoa rangi ni wale waliojipaka nyeusi kisha wakaijua hukumu, na nia yao ni njema. Twalotaka kuwaambia ni kwamba sheria haimtaki mtu ajidhuru, na haraka ndiyo inayoleta madhara katika jambo hili.

Sasa tazama aina ya rangi, kwani dawa hufuata ugonjwa. Unywele umevikwa magamba madogo madogo yaliyopandana kama makuti ya paa, na chini ya magamba hayo ndiko uliko mwili wake. Rangi ya muda, ambayo ndiyo khasa twaizungumza, huingia chini kidogo ya magamba ikakaa hapo bila ya kufungwa na kitu; kila uoshapo, nyengine hutoka. Kwa kawaida huisha baada ya kuoshwa mara 4 mpaka 12 hivi. Rangi ya kudumu si hivyo. Hiyo huchanganywa na dawa iitwayo haidrojeni peroksaidi, ikafungua magamba, na chembe ndogo zikaingia ndani zikaungana zikawa kubwa, zisiweze tena kutoka mlangoni zilimoingilia. Ni kama dau lililoundwa ndani ya nyumba.

Ikiwa kasha umelitupa na hujui ulipaka ipi, kumbuka ulivyopaka. Kilikuwa kichupa kimoja, ukakitumia kama kilivyo? Aghlabu hiyo ni ya muda. Vilikuwa viwili, ukavichanganya kabla ya kupaka? Basi hiyo ni ya kudumu, au ni ya katikati inayokaa mpaka kuoshwa mara 20 na zaidi. Na hina safi nayo ina namna yake: rangi yake huitwa losoni, hushikana na unywele wenyewe, na haitoki kwa kuoshwa ila hupungua nuru tu. Mwenye rangi ya kudumu au hina, aliyoyasoma hapa hayatamfaa sana. Na angoje ziote mpya, kwani unywele hukua kiasi cha sentimita 1 kwa mwezi.

Na aliyejipaka kichwani, akanyoe. Maneno yamekwisha.

Ama mwenye rangi ya muda katika ndevu, na afanye hivi. Usiku achukue mafuta ya nazi, ayapashe moto baina ya viganja, ayapake ndevuni mpaka kwenye ngozi, ayaache saa moja au mpaka asubuhi. Mafuta haya huingia ndani ya unywele na kuulinda usikauke wala kukatika kwa kuoshwa sana. Na ile rangi iliyoshika ngozi huilegeza. Kisha atie shampuu juu ya mafuta hayo kabla ya maji, na iliyo bora ni ile ya kuondoa mba, kwa kuwa hukausha na kuondoa rangi zaidi kuliko nyengine. Mwenye nywele za rangi hushauriwa aiepuke kwa sababu hiyo hiyo tunayoitaka sisi. Afanye povu, aliache dakika 5, kisha aoshe kwa maji ya uvuguvugu. Ya moto sana hayana faida ila kuunguza. Maji ya kwanza yatatoka meusi kama ya kuoshea sufuria. Asishangae, wala asiyakimbilie kwa kanzu nyeupe na taulo jema. Aoshe tena mara ya pili, akaushe, apake mafuta kidogo. Mara moja kwa siku yatosha, na ngozi ikianza kuwasha au kuwa nyekundu apumzike siku mbili.

Iko na njia ya vidonge vya vitamini C, ambayo hufaa zaidi ikiwa rangi haijapita siku tatu. Husagwa vikawa unga, vikachanganywa na shampuu mpaka ikawa nzito, ikapakwa na kuachwa kiasi cha nusu saa, kisha ikaoshwa. Asiipake mtu aliyenyoa siku hiyo au mwenye kidonda, itamchoma. Wengine hutia soda ya kuumulia maandazi ndani ya shampuu. Kidogo chake chafaa, lakini soda huyainua yale magamba ya unywele na kuyakwaruza, na ikizidi ndevu huwa kama usumba. Magadi ni makali zaidi, na mimi sioni sababu ya kuyatia usoni.

Mtu asitaraji kuwa ataamka na mvi zake kama zilivyokuwa. Weusi hugeuka kahawia, kahawia hugeuka rangi ya majani makavu, na katika mvi huweza kubaki umanjano wa siku nyingi. Hapo ndipo watu huchoka wakatafuta njia ya mkato, na njia za mkato ndizo tunazoziogopa.

Jiki, na kila dawa ya kung'arisha nguo iliyo mfano wake, ni sodiamu haipokloraiti. Kazi yake ni kula. Hula rangi ya nguo, na ikitiwa nyweleni huula unywele wenyewe ukayeyuka, na ngozi ikaungua, na tone moja likiingia jichoni huweza kumpofusha mtu. Wala kutia maji hakuifanyi kuwa dawa ya uso. Na mbaya kuliko hayo ni mtu kupaka jiki, akaona haikutosha, akaongeza ndimu au siki. Vikikutana vitu hivyo hutoka moshi wa klorini, nao ni ule ule uliotumiwa kuwaulia askari vitani mjini Ypres, nchi ya Ubelgiji, mwaka 1915. Chooni mwetu mna dirisha dogo, na mlango umefungwa, fikiri.

Ndimu peke yake watu huiona ni chakula, basi haina dhara. Ina dhara ikikutana na jua. Maji ya ndimu yakikauka juu ya ngozi, mtu akatoka akakaa juani barazani au akaenda baharini, ngozi huungua ikafanya malengelenge, na baada yake hubaki mabaka meusi ya wiki nyingi. Mafuta ya taa hayahitaji maelezo marefu: huchoma ngozi, na mpakaji akikaribia jiko au akiwasha sigara yatashika moto.

Wako pia wanaofunika rangi kwa rangi, wakatia ya kudumu juu ya ya muda ili ipatikane nyekundu ya hina. Hapo aliyekuwa na shida ya wiki tatu amejitafutia ya miezi sita. Na kama ya kwanza ilikuwa ile inayotia weusi kidogo kidogo kila siku, huenda ina madini ndani yake, kama risasi, ambayo Marekani iliifutia ruhusa mwaka 2018. Madini hayo yakikutana na peroksaidi huweza kutoa joto na kuharibu nywele.

Yabaki jambo la piko, nalo twalitaja kwa wake zetu na binti zetu vile vile. Piko nyeusi inayochorwa mikononi mara nyingi ni unga huo huo wa rangi ya nywele, na ndani yake mna kitu kiitwacho parafenilinidiamini. Hina safi haiwi nyeusi. Anayeuza hina nyeusi amechanganya kitu. Nchi za Ulaya zimewekea kitu hiki mpaka wa asilimia 2 katika rangi ya nywele inapopakwa kichwani, na katika michoro ya ngozi hawakiruhusu kabisa. Mtu huweza kukitumia mara nyingi kikamnyamazia, kisha siku moja mwili ukakikataa: ngozi ikavimba, ikatoa maji, macho yakafunga. Na mwili ukishakikataa, kwa kawaida haukisahau umri wote. Huyo asioshe kwa kusugua wala asijaribu ndimu wala soda. Na aoshe kwa maji mengi na sabuni laini, kisha aende hospitali. Na akivimba midomo au ulimi, au pumzi zikimbana, aende saa ile ile wala asingoje kupambazuka. Baada ya hapo asiguse tena rangi ya kemikali kwa ndevu wala kwa nywele, hata muuzaji akimwambia hii ni ya asili.

Ama doa lililobaki shavuni, masikioni na shingoni, lisisuguliwe kwa jiwe. Tia mafuta ya nazi katika pamba, pitisha taratibu, futa, rudia jioni. Ngozi ya juu huvuka yenyewe, na katika wiki moja au mbili doa huondoka pamoja nayo. Muda huo foronya ya kitanda iwe ya zamani.