Ajali Barabarani: Jinsi Mahakama Inavyopima Fidia ya Majeruhi

Chukua mfano wa abiria wawili wa matatu iliyopinduka kati ya Keroka na Kisii. Wote wamevunjika mguu, na wote wamefungua kesi ya kudai fidia. Miaka miwili baadaye mmoja anapata pesa za kulipa deni la hospitali na kuanza upya. Mwenzake anaambulia nusu yake. Majirani watasema hakimu alipendelea. Mara nyingi si hivyo. Tofauti hutokana na kile ambacho kila mmoja aliweka mbele ya mahakama.

Jambo la kwanza ambalo hakimu huamua si jeraha, bali kosa. Kuumia peke yake hakumpi mtu fidia. Ni lazima aonyeshe kwamba dereva alizembea: aliendesha kwa kasi, alipita gari jingine kwenye kona, au aliacha barabara. Katika kesi ya madai, ushahidi hauhitaji kuondoa shaka yote kama katika kesi ya jinai. Inatosha kuonyesha kwamba maelezo ya mdai yana uwezekano mkubwa kuliko ya upande wa pili. Ndiyo maana mtu anaweza kushinda hata kama dereva hakushtakiwa.

Abiria aliyeketi ndani ya matatu kwa kawaida halaumiwi. Kwa bodaboda mambo hubadilika. Sheria ya Trafiki inataka pikipiki ibebe abiria mmoja tu, na abiria huyo avae kofia ya usalama. Aliyebebwa watatu kwenye pikipiki moja bila kofia anaweza kuambiwa kwamba naye alichangia kuumia kwake. Tuseme mahakama imempima fidia ya shilingi 650,000, kisha ikaona alichangia asilimia 20. Atakatwa 130,000 na kubaki na 520,000.

Baada ya kosa kuamuliwa ndipo jeraha hupimwa. Fidia ya maumivu na ulemavu huitwa fidia ya jumla, na haina risiti. Hakimu husoma ripoti ya daktari: ni mfupa gani uliovunjika, umeunga vipi, kuna vyuma ndani, ulemavu wa kudumu ni asilimia ngapi. Kisha mawakili wa pande zote humpa hukumu za awali za watu walioumia kwa namna inayokaribiana. Majeraha yanayofanana yanapaswa kulipwa fidia inayokaribiana, ila hukumu ya miaka kumi iliyopita husomwa kwa kukumbuka kwamba shilingi imepungua thamani. Kampuni ya bima nayo huweza kumtaka majeruhi apimwe na daktari wake. Ripoti mbili zikipingana, hakimu hurudi kwenye karatasi za matibabu za siku ya kwanza. Aliyetibiwa siku hiyohiyo, iwe katika zahanati ya kijijini au Hospitali ya Mafunzo na Rufaa ya Kisii, na akahifadhi karatasi zake, husimama imara kuliko aliyekwenda kwa daktari mara ya kwanza baada ya kumwona wakili.

Gharama alizotumia mtu huitwa fidia maalumu, na hapa mahakama hazina huruma. Kila shilingi lazima itajwe kwenye hati ya madai na ithibitishwe. Dawa, eksirei, ripoti ya daktari, hata ada ya kutafuta jina la mwenye gari katika rekodi za NTSA: bila risiti, hulipwi. Wengi wamepoteza maelfu kwa sababu risiti zililowa mfukoni au zilitupwa pamoja na bahasha ya dawa.

Na mapato je? Mama anayeuza ndizi Daraja Mbili hana hati ya mshahara. Mwaka 2005 Mahakama ya Rufaa ilisema wazi kwamba hati si njia pekee ya kuthibitisha kazi na kipato, kwa kuwa kushikilia hivyo kungewadhulumu Wakenya wengi wanaojipatia riziki bila kuweka kumbukumbu. Lakini lazima kuwe na kitu: taarifa ya M-Pesa, daftari la chama, malipo ya majani chai, au jirani wa sokoni anayekuja kutoa ushahidi. Kisipopatikana kabisa, mahakama mara nyingi hutumia kima cha chini cha mshahara kilichowekwa na Serikali, ambacho huenda kikawa chini ya kile mama huyo alichokuwa akipata.

Hukumu ikitoka, bima ya gari hulipa, lakini kwa kila majeruhi mwisho wake ni shilingi milioni 3. Zaidi ya hapo anadaiwa mwenye gari, na kumpata na kumlipisha ni safari nyingine.

Muda nao hauna subira. Kesi ya kuumia kwa uzembe hufunguliwa ndani ya miaka 3 tangu siku ya ajali. Ikiwa gari ni la Serikali, ni miezi 12. Kwa hiyo ripoti ya ajali ipigwe mapema katika kituo cha polisi, nambari ya OB iandikwe, na abstrakti ya polisi ichukuliwe ikiwa na nambari ya gari na jina la kampuni ya bima.

Wapo pia madalali wanaozunguka wodini wakiahidi “kufuatilia pesa” kwa mgao. Sheria ya Mawakili haitambui mapatano ya wakili kulipwa tu iwapo kesi itashinda, na dalali si wakili. Karatasi yoyote ya kampuni ya bima isomwe kwanza na mtu anayeielewa: ukishasaini kwamba umepokea malipo ya mwisho, kwa kawaida huwezi kurudi kudai tena, hata mguu ukihitaji kupasuliwa upya.

Asiyeridhika na uamuzi wa hakimu ana siku 30 za kukata rufaa Mahakama Kuu, iliyo na vituo Kisii na Nyamira. Jaji habadilishi kiasi kwa sababu tu yeye angetoa zaidi. Hubadilisha pale hakimu alipofuata kanuni isiyo sahihi, alipoacha jambo la maana, au alipotoa kiasi kidogo au kikubwa kupita kiasi.