Bunduki za mbao, wadi ya uongo

Wadogo zangu wa Kasongo na Kabambare, kule Maniema, jibu ni ndiyo. Tengenezeni. Wewe uliyeniandikia kwamba mko kikundi cha vijana, mna simu mbili, jenereta ya kuazima na hadithi ya majambazi wanaoizingira hospitali usiku kucha, usimsikilize anayekwambia filamu za mapigano ni kazi ya watu wa Kinshasa. Ila ule mstari wako wa mwisho, unaosema mtaingia hospitali kuu usiku na bunduki zenu za mbao "ili ionekane kweli kabisa", ndio ulionifanya niziweke kando barua nyingine zote. Hapo yaya wako anasema hapana, na nitakueleza kwa nini. Kwanza tuongee yanayowezekana, maana ni mengi.

Wakaliga ni mtaa wa watu wa kipato kidogo pale Kampala. Huko mwongozaji Isaac Nabwana alitoa filamu Who Killed Captain Alex? mwaka 2010, kwa fedha anayosema haikufika dola 200. Bunduki zilichomelewa kutoka vyuma chakavu, kompyuta aliiunga mwenyewe, waigizaji walikuwa majirani, na helikopta ilichorwa kwenye kompyuta. Damu mwanzoni ilikuwa ya ng'ombe, ile ile ya machinjioni, mpaka mwigizaji mmoja akaugua, ndipo wakahamia rangi ya chakula. Leo filamu hiyo imetazamwa na mamilioni duniani. Lakini nakala yake ya awali haipo tena. Aliifuta ili apate nafasi ya filamu iliyofuata kwenye kompyuta, na tunayoiona sisi ni ile iliyobaki na sauti ya VJ Emmie akitia utani juu ya picha. Kwa hiyo kabla ya kununua hata msumari mmoja, nunueni memori kadi ya pili, mkaifiche kwa mama wa mmoja wenu.

Sasa hospitali. Mnamkumbuka Chow Yun-fat akiruka dirishani na kitoto kichanga mkononi, wadi inaungua nyuma yake? Hiyo ni Hard Boiled ya John Woo, ya 1992, na karibu nusu saa ya mwisho ni vita ndani ya hospitali. Hospitali hiyo ilikuwa kiwanda kilichoachwa, ambako zamani walijaza Coca-Cola kwenye chupa. Watu wa Hong Kong, wenye fedha kuliko sisi, waliona ni heri kukigeuza kiwanda kuwa hospitali kuliko kuigeuza hospitali kuwa uwanja wa vita. Nanyi mna madarasa. Shule zikifunga, mwombeni mkurugenzi darasa moja lenye ukuta uliopakwa nusu buluu chini, nusu nyeupe juu. Vitanda vinne, chandarua, ndoo yenye bomba, shuka limegawa chumba, karatasi ya mgonjwa imebandikwa ukutani, na wadi imekamilika. Msichore msalaba mwekundu. Alama ile inalindwa na Mikataba ya Geneva ya 1949, na haichorwi mlangoni kama nembo ya duka. Andikeni tu "Wadi ya Wazazi" kwa mkono. Na mtoto mchanga asiwe mtoto. Kitenge kilichofungwa vizuri kinatosha, kilio mtakiongeza baadaye.

Kwa nini nakataa ile hospitali halisi? Kwa sababu wagonjwa wake hawajui hadithi yenu. Yuko mama mwenye uchungu wa kuzaa, yuko mzee wa presha, na kwenye korido wamelala jamaa wanaowapikia na kuwalinda wagonjwa wao. Baadhi yao wametoka upande wa Salamabila, ambako dhahabu ya mgodi wa Namoya imewaletea watu milio ya bunduki za wapiganaji wa Mai-Mai Malaika na za askari kwa miaka. Mtu wa namna hiyo akiona kijana ameshika kitu kirefu cheusi mlangoni usiku, haulizi kama ni mbao. Atachomoa dripu mkononi na kutokea dirishani.

Nao hawaogopi bure. Tarehe 6 Oktoba 1996 wenye silaha waliingia hospitali ya Lemera, Kivu Kusini, wakaua watu zaidi ya 30, wagonjwa na watumishi. Mganga mkuu wake alikuwa Denis Mukwege, yule aliyekuja kuanzisha hospitali ya Panzi pale Bukavu na kupewa Nobel ya Amani mwaka 2018. Septemba 2002 ikawa zamu ya Nyankunde, Ituri, hospitali ya misheni iliyojulikana mbali. Watu waliuawa wakiwa vitandani, na mauaji yakaendelea siku kadhaa mjini humo. Mwaka 2019, wakati wa Ebola, vituo vya matibabu vya Katwa na Butembo vilishambuliwa Februari, na Aprili daktari Richard Mouzoko, Mkameruni wa Shirika la Afya Duniani, akapigwa risasi hospitalini Butembo akiwa kikaoni. Watazamaji wenu wa kwanza wanayajua haya, wengine kwa redio, wengine kwa ndugu. Mtazamaji wa Hong Kong alilipa tiketi aone kitu kisichomkuta. Wa kwenu mnampelekea kitu kinachoweza kumkuta.

Simaanishi muiache hadithi. Namaanisha hamhitaji milio mia mbili kumtisha mtu wa Maniema. Mwaka 1976 John Carpenter alipiga Assault on Precinct 13 kwa kama dola 100,000, fedha ya kunywea chai huko Marekani. Ni kituo cha polisi kinachohamishwa, taa zimekatika, simu zimekufa, na nje wako watu ambao karibu hawasemi neno. Wengi wao unawaona kama vivuli tu. Risasi zinapita kimya madirishani, unaona karatasi zinaruka mezani. Giza la Kasongo ni la bure, wadogo zangu, wala halihitaji jenereta! Pigeni picha kutoka ndani. Tuwe na muuguzi anayehesabu glovu zilizobaki, tusikie tu pikipiki imezimwa nje ya ua, halafu mtu anakohoa.

Na huyo muuguzi ndiye hadithi, si yule kijana wa karate mliyempa kurasa zote. Fikirini. Wadini yuko mama aliyejifungua zamani, mzima wa afya, ila hawezi kwenda nyumbani kwa sababu hajalipa deni. Sote tunamjua, kila hospitali ya nchi hii ina mama wa namna hiyo ameketi kwenye baraza anafua nepi. Yeye amezingirwa kabla majambazi hawajafika. Sasa majambazi wamefika, mlinzi amekimbia, na muuguzi ana funguo. Amtoe mama nyuma, au amweke, maana asubuhi mhasibu atauliza? Hapo mtazamaji atasahau kama bunduki ni ya mbao. Mkitaka mwisho mkubwa, kumbukeni walionusurika Nyankunde: watu na wagonjwa walitembea msituni kwa siku nyingi mpaka Oicha, wauguzi wakiwa nao. Msafara wa usiku wenye machela na taa moja mtaupiga nyuma ya shule, na hauna gharama zaidi ya betri.

Kasongo yenyewe ina sifa ya afya kuliko ya vita, ingawa hamfundishwi. Kuanzia 1971 madaktari wa huko pamoja na Taasisi ya Tiba ya Tropiki ya Antwerp walipanga vituo vidogo vya afya karibu na watu, na hospitali ikapokea wagonjwa walioshindikana huko. Utafiti wao wa chanjo ya surua kwa watoto wa Kasongo ukachapishwa kwenye Lancet mwaka 1981, na wanafunzi wa afya ya jamii ng'ambo bado wanalisoma jina la mji wenu. Mpeni muuguzi wenu wa filamu mama aliyefanya kazi kwenye vituo vile. Atajua kila njia ya nyuma.

Bunduki. Hapa sicheki. Mzaha mzaha hutumbua usaha. Kabla ya siku ya kwanza, barua iende kwa msimamizi wa teritware, kwa polisi, kwa kamanda wa jeshi aliye karibu na kwa ofisi ya usalama, ANR, ikitaja siku, saa, mahali na idadi ya bunduki za bandia. Kila nakala irudi na muhuri, mmoja wenu azibebe mfukoni kila saa. Atakayewaomba "kitu kidogo" kwa kila muhuri yupo, mtamkuta, mkamsalimie kwa heshima mkiwa na mtu mzima anayejulikana. Bunduki zisafiri ndani ya gunia, zihesabiwe asubuhi na jioni, na mdomo wa kila moja uwe na utepe mwekundu mpaka kamera iwashwe. Pikipiki ya kubebana na bunduki barabarani, hata kwa dakika mbili, marufuku. Fataki pia, milio mtaiweka kwenye programu ya kuhariri.

Sare ya jeshi msiiguse. Raia kuivaa ni kosa, na mkivaa ya kuazimwa mnamtia matatani aliyewaazima. Jambazi mwenye shati la kawaida na ndala anatisha zaidi. Wala msimpe jambazi lafudhi. Najua mnataka kuchekesha, mmoja aongee kama Mbangubangu, mwingine kama Mzimba, ukumbi ucheke. Utacheka wiki hiyo. Mwezi ujao ugomvi wa shamba ukitokea, watu watakumbuka ni nani mlimfanya muuaji. Majambazi wote waongee Kiswahili kile kile cha sokoni, na kundi lao lisiwe na jina la kundi lolote lililopo, maana walio porini nao wana binamu kwenye viti vya mbele.

Halafu WhatsApp. Nadhani hili hamkulifikiria hata kidogo. Ukipiga kipande cha sekunde ishirini, watu na bunduki wanavunja mlango wa wadi, ukamtumia rafiki tu aone mlivyo wakali, kesho asubuhi kipo Kabambare kimeandikwa "lopitali ya Kasongo imeshambuliwa jana". Kesho kutwa kipo Kindu, na kuna familia imeshaingia msituni. Jina la filamu liandikwe juu ya kila picha tangu siku ya kwanza ya kuhariri, na simu za kupigia zisiwe na laini ndani.

Sasa niwageukie wasichana, kwa sababu barua yako inataja "binti mmoja wa kutekwa" na basi. Dada yangu uliyepewa nafasi hiyo, soma kurasa zote kabla ya kukubali, si zako tu. Nenda na shangazi au rafiki, mazoezi yawe mchana mahali penye watu, na urudishwe nyumbani na mtu mnayemjua wote. Mwongozaji akikwambia nafasi ya muuguzi mkuu inapatikana chumbani kwake, hiyo si sanaa, na jina lake wapatie wasichana wenzako siku hiyo hiyo. Nanyi vijana, lile tukio la ubakaji mliloliandika kurasa mbili, futeni. Kwenye benchi la ukumbi wenu atakaa mwanamke ambaye limemkuta, na hamjui ni yupi. Mlango ukifungwa na kamera ikabaki nje, kila mtu ameelewa. Binti huyo alipwe sawa na kijana wa karate. Kama hakuna wa kulipwa, basi wali na sombe na samaki vigawiwe sawa, na usafiri wake utoke kwenye mfuko wa kikundi.

Kwa damu, msitumie mawese. Yana rangi ya chungwa mbele ya kamera na hayatoki kwenye shuka la watu. Pikeni uji mwepesi wa unga wa muhogo, acheni upoe, tieni rangi nyekundu ya chakula na tone la kahawa. Dripu ining'inie juu ya mkono wa mgonjwa, siku zote, hata shujaa wenu anapokimbia naye. Nimeona filamu moja shujaa ameikumbatia kwapani kama mkate, ukumbi mzima wa wauguzi ukaangua kicheko pale pale palipotakiwa machozi. Mwombeni muuguzi mstaafu akae nanyi siku ya kupiga wadi, mumpe kiti kizuri na haki ya kupiga kelele "simama!"

Onyesho la kwanza lifanyeni mchana. Asubuhi yake mtu apite na megafoni mitaani, kwa Kiswahili na kwa lugha za nyumbani, atangaze kwamba milio itakayosikika saa tisa ni ya sinema. Mkifika Kabambare fanyeni vivyo hivyo siku mbili kabla, na shefu akalie kiti cha mbele. Spika zikilia risasi huko usiku bila watu kuambiwa, ukumbi utabaki na nyinyi na jenereta, na kiingilio mtakirudisha.