Nyumba Ni Kioo cha Wenyewe

Mtu akitaka kujua watu wa kale walithamini nini na waliogopa nini, na atazame walivyojenga. Nyumba hujengwa kwa udongo, miti na mawe, lakini kipimo chake ni desturi za wenyewe.

Tutwae mfano wa karibu. Katika nyanda za Uasin Gishu, iliko Kapseret, yako mashimo mapana ya mviringo yaitwayo mashimo ya Sirikwa; mengine yamejengewa mawe kandokando. Zamani wako waliodhani kwamba watu waliishi ndani yake. Lakini katika miaka ya 1960 mtaalamu J. E. G. Sutton aliyachunguza mashimo ya namna hiyo magharibi mwa Kenya, akaonyesha kuwa yalikuwa mazizi ya ng'ombe. Nyumba ilijengwa ubavuni mwa zizi, na mlango wake ulielekea zizini. Hivyo mwenye nyumba hakutoka nje bila kuwapita ng'ombe wake. Je, tunahitaji kitabu kutuambia kwamba mali ya watu hao ilikuwa mifugo, na hofu yao wanyang'anyi?

Baadaye Wanandi walijenga nyumba za mviringo zilizoezekwa kwa nyasi, na ndani mbuzi walikuwa na sehemu yao. Vijana wapiganaji walilala katika nyumba yao wenyewe, sigiroinet. Hapo twaona jamii iliyopangwa kwa marika, kila rika na kazi yake.

Makaburu walifika nyanda hizi mwaka 1908, na mji wa Eldoret ukaanza mwaka 1910. Nyumba za pembe nne na mabati zikaenea. Bati halihitaji kuezekwa upya mara kwa mara, na kitanda na kabati hukaa vyema penye pembe. Kwa hiyo hatuwalaumu waliobadili. Lakini vyumba vyenye kufuli na ua uliozungushwa kiwanja kidogo navyo vinasema: sasa kila mtu ana chake.

Basi, ndugu msomaji, ukichora ramani ya nyumba yako, jiulize: bibi atalala wapi? Wageni watakaa wapi? Na ukikuta shimo la Sirikwa shambani, usilifukie kabla ya kuwauliza wazee na watu wa makumbusho. Watu hao hawakutuachia maandishi. Zizi lao ndilo barua yao, na likisha kulimwa halisomeki tena.