SOMO: KULINDA NA KUKUTANA (Nehemia 4 na 5)

Wapendwa, ukuta wa Yerusalemu ulipojengwa, watu waliomba, kisha wakaweka walinzi usiku na mchana. Katika sura ya 5 Nehemia aliitisha mkutano mkubwa, akawakemea wakuu waliowatoza ndugu zao riba. Ulinzi bila mkutano haukutosha.

Hapa Tanzania, sheria ya mwaka 1982 humhesabu kila mkazi aliyefikisha miaka 18 kuwa mjumbe wa mkutano mkuu wa kijiji. Humo na tuulize michango ya sungusungu imetumikaje. Humo na tukubaliane mapema kwamba mwizi akikamatwa asipigwe, bali afikishwe polisi akiwa hai. Usiku, mwenye rungu hasikii hoja.

Swali la nyumbani: Mkutano uliopita tulihudhuria wangapi?