SOMO LA MWEZI: KUSIMAMA PENYE USHAHIDI



Ukitoka Mwanza kwa basi kwenda Musoma, ukiisha kupita Magu na Lamadi unafika Bunda. Huko ndiko alikozaliwa Joseph Sinde Warioba mwaka 1940. Alikuwa mwanasheria, kisha mwanasiasa, kisha jaji. Hatumtazami kwa ajili ya vyeo vyake. Tunauliza hivi: mtu akihama kutoka kazi moja hadi nyingine, ni kitu gani kisichopaswa kubadilika ndani yake?

1. Mwanasheria

Alihitimu sheria Dar es Salaam mwaka 1966. Alitumikia Serikali, Halmashauri ya Jiji na Wizara ya Mambo ya Nchi za Nje, kisha akawa Mwanasheria Mkuu wa Serikali hadi 1985. Kazi ya Mwanasheria Mkuu ni kuishauri Serikali, na mshauri mwema huisema sheria ilivyo, hata kama wakubwa wangependa iwe vingine. Katika kipindi hicho, mwaka 1984, haki za binadamu ziliingizwa katika Katiba yetu. Tangu 1988 mwananchi ameweza kuzidai mahakamani.

2. Mwanasiasa

Kuanzia 1985 hadi 1990 alikuwa Waziri Mkuu na Makamu wa Kwanza wa Rais, chini ya Rais Ali Hassan Mwinyi. Mwaka 1995, katika uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi tangu mfumo huo urudi, aligombea ubunge Bunda kwa CCM. Akashindwa na Stephen Wassira wa NCCR-Mageuzi.

Hapa tutulie kidogo. Aliyekuwa Waziri Mkuu akaenda mahakamani kama mlalamikaji mwingine yeyote, kupinga matokeo. Ilimpasa kuleta mashahidi na kungoja uamuzi wa wengine. Uchaguzi ule ukabatilishwa. Funzo ni kwamba anayeitunga sheria sharti akubali naye kupimwa kwa sheria hiyo hiyo.

3. Jaji

Mwaka 1996 alichaguliwa kuwa mmoja wa majaji 21 wa kwanza wa Mahakama ya Kimataifa ya Sheria ya Bahari, iliyoko Hamburg, Ujerumani. Akakaa huko hadi 1999.

Wavuvi wetu watalielewa vizuri shauri moja la huko. Meli ya mafuta iitwayo Saiga ilikuwa ikiuzia dizeli vyombo vya uvuvi karibu na pwani ya Guinea. Tarehe 28 Oktoba 1997 Guinea ikaikamata. Nchi ya Saint Vincent na Grenadines ikadai kuwa meli ni yake. Lakini cheti cha muda cha usajili kilikuwa kimekwisha tangu Septemba, na cha kudumu kilitolewa Novemba, baada ya meli kukamatwa.

Mwaka 1999 majaji 18 waliipa ushindi Saint Vincent. Wawili walipinga, na Warioba alikuwa mmoja wao. Hoja yake ilikuwa kwamba siku meli ilipokamatwa haikuwa na usajili, basi nchi ile haikuwa na haki ya kuidai. Hatusemi kuwa wachache ndio waliopatia. Tunasema kuwa jaji aliyeona hivyo katika karatasi zilizokuwa mbele yake hakuwa na ruhusa ya kusema vingine ili tu awe pamoja na wengi.

4. Mwenyekiti wa Tume

Mwaka 1996 aliongoza Tume ya Rais iliyochunguza kero za rushwa. Mwaka 2012 akaitwa tena, kuongoza Tume ya Mabadiliko ya Katiba. Makamu wake alikuwa Jaji Augustino Ramadhani, aliyekuja kuwa kasisi wa Kanisa Anglikana. Walizunguka nchi nzima wakisikiliza wananchi, na rasimu yao ikapendekeza serikali tatu: ya Tanganyika, ya Zanzibar na ya Muungano.

Bunge Maalum halikukubali. Oktoba 2014 lilipitisha katiba inayopendekezwa yenye serikali mbili, na kura ya maoni iliyopangwa Aprili 2015 haikufanyika. Warioba aliendelea kueleza hadharani yale Tume iliyoyasikia. Tarehe 2 Novemba 2014, katika mdahalo Ubungo Plaza, Dar es Salaam, vurugu zilizuka na mkutano ukavunjika.

Hitimisho

Katika chama, katika kikundi cha akina mama, katika baraza la wazee, kila mmoja wetu ataitwa siku moja kuwasikiliza watu na kutoa taarifa. Taarifa hiyo ni amana yao. Wakubwa wanaweza kuikataa, na hiyo ni kazi yao. Kuibadilisha njiani ili tupendwe si kazi yetu.

Maswali ya kujadiliana

1. Je, ni rahisi kwa kiongozi wa zamani kwenda mahakamani kama mtu wa kawaida? Kwa nini?
2. Ukiwa peke yako katika kamati, utajuaje kama unatetea ushahidi au ubishi wako tu?
3. Ni taarifa gani hapa mtaani kwetu iliyobadilishwa kabla ya kuwafikia waliohusika? Nani aliumia?