Chora nyota za Kashan kwa bikari na rula

Huhitaji kipaji cha uchoraji ili uchore nakshi za Kiislamu. Anza na vigae vya Kashan, Iran, vya karne ya 13: nyota za ncha nane zilizogusana, na misalaba iliyojaza nafasi kati yake. Ukijua kuchora mraba na duara, kazi hii unaiweza.

Andaa vifaa. Tafuta karatasi ya A4, rula, raba, kalamu nyeusi na bikari isiyolegea. Penseli iwe ngumu, H au 2H, na uichonge vizuri. Ukikosea milimita moja mwanzoni, nyota hazitagusana mwishoni.

Chora miraba. Kila mmoja uwe sentimita 8 kwa 8. Panga miwili kwa upana na mitatu kwa urefu. Yote sita inaenea kwenye A4 na pembezoni panabaki nafasi. Usikandamize penseli, maana mistari hii utaifuta.

Piga duara. Ndani ya kila mraba, vuta mistari miwili kutoka kona hadi kona. Inapokatana ndipo pa kuchomeka sindano ya bikari. Fungua bikari sentimita 4, uzungushe. Duara liguse pande zote nne. Lisipogusa, rekebisha mraba kwanza.

Weka alama nane. Nne ziweke pale duara linapogusa pande za mraba. Nne nyingine ziweke pale linapokata mistari ya kona.

Unganisha. Alama za pande zinakupa mraba uliosimama kwa kona yake. Alama nne zilizobaki zinakupa mraba uliokaa wima. Pima: kila upande wa miraba hii miwili ukaribie sentimita 5.7. Ukiona tofauti kubwa, kuna alama imehama.

Tia wino. Pitisha kalamu kwenye ukingo wa nje tu wa ile miraba miwili iliyopandana. Hiyo ndiyo nyota yako. Subiri wino ukauke, kisha futa penseli yote. Pale nyota nne zinapokutana utaona msalaba, na hukuuchora.

Usihangaike na pembezoni. Misalaba ya ukingoni itakatika nusu. Iache hivyo na uzungushie fremu. Nakshi iliyokatwa na fremu huonekana kama inaendelea nje ya karatasi.

Paka rangi. Misalaba ipe feruzi, kama ilivyo kwenye vigae vingi vya Kashan. Nyota zipe kahawia inayoelekea dhahabu. Rangi mbili zinatosha. Ukizidisha, umbo linapotea.

Ukitaka kujaza ukuta au kitambaa kizima, hatua ni zilezile. Wewe ongeza miraba tu. Chukua karatasi uanze leo.