Dondoo muhimu: Nyama ya viungo na kranberi, bila sukari
Anayepunguza wanga majira ya baridi kule Marekani au Kanada huutupia wali lawama zote, kumbe sukari nyingi iko kwenye sosi ya kranberi. Gramu 100 za kranberi mbichi zina takriban gramu 12 za wanga, na sukari humo ni kama gramu 4 tu. Sosi yake ya kopo, kwa kiasi hichohicho, hufikia gramu 40 za wanga. Basi nunua tunda lenyewe, bichi au lililogandishwa, ulitumie pale ambapo ungetia ukwaju au ndimu. Kwa nusu kilo ya nyama ya bega la kondoo, gramu 100 zinatosha. Kaanga kitunguu polepole mpaka kiwe cha kahawia, tia binzari nyembamba, iliki, mdalasini na pilipili manga, kisha nyama na maji kidogo. Funika kwa moto mdogo mpaka ilainike. Kranberi zitie dakika 10 za mwisho, zikipasuka, zimeiva.

Wapo watakaosema tunda hilo ni kali mno bila sukari. Ni kali kweli, likiliwa peke yake. Lakini chumvi na mafuta ya kondoo huupunguza ukali huo, na kitunguu kilichokaangwa vizuri kina utamu wake (zabibu kavu za pilau ziache, zaidi ya robo tatu yake ni wanga). Badala ya wali, kuna koliflawa iliyokunwa na kukaushwa kikaangoni. Mwenye kisukari anayetumia insulini azungumze kwanza na daktari, kwani dozi ileile kwa wanga kidogo inaweza kushusha sukari ya damu kupita kiasi.